Pembe Tano Zilizo Sawa

Walimu tunapopewa nafasi ya kuandika, aghalabu huandika juu ya kilimo, afya, au malezi ya watoto, nayo ni mambo mema. Leo twaomba ruhusa yenu tuseme juu ya jambo ambalo wengi huliacha mlangoni mwa darasa watokapo shule, wasilikumbuke tena mpaka wazee wao wawaulize lilikuwa la faida gani. Jambo lenyewe ni umbo la pembe tano, ambalo pande zake zote ni sawa na pembe zake zote ni sawa.

Umbo hili si geni kwa mtu yeyote akaaye shamba. Kata papai kwa mapana yake, si kwa urefu, na mara nyingi utaona uwazi wa ndani, pale zikaapo mbegu, umefanya mfano wa nyota ya ncha tano. Kata bamia vivyo hivyo, nawe mara nyingi utahesabu vyumba vitano. Ua la mpamba lina petali tano. Na watu wa pwani wamjua sana kiti cha pweza, yule mnyama wa baharini ambaye aghalabu ana mikono mitano iliyotoka katikati kama miale. Basi hesabu ya tano tumeizoea machoni. Lakini kuzoea kitu si kukijua, na hilo ndilo tutakalo kulieleza.

Mzee mmoja wa kijiji chetu, mtu mwenye busara, ambaye mjukuu wake yumo darasani mwetu, alituuliza barazani mbele ya watu, "Mwalimu, mtoto huyu amechora pembe tano siku tatu sasa. Je, zitapikwa?" Watu wakacheka, nasi tukacheka. Walakini swali lake halikuwa la mzaha. Mjukuu yule ni msichana, na nyumbani mwao kuna kazi ya maji, ya kuni, na ya kulea wadogo zake. Kila saa akaayo darasani ni saa iliyoombwa kwa mama yake. Mwalimu aitumiaye saa hiyo hana budi kuweza kueleza anaitumia kwa nini. Ndiyo maana twaandika.

Kwanza tueleze maana. Mtu akisema "pande tano sawa," wengi hudhani amekwisha kusema yote. Sivyo. Twaa vijiti vitano vya urefu mmoja, uvifunge ncha kwa ncha kwa uzi. Utaona ya kuwa umbo hilo halitulii. Ukilisukuma hulala, ukilivuta huinuka. Waweza hata kulifanya liwe mfano wa nyumba: vijiti vitatu vya chini vikisimama kama pande tatu za mraba, na viwili vya juu vikiwa paa. Hapo pande zote ni sawa kabisa, lakini pembe mbili za chini ni digrii 90 kila moja, mbili za mabegani ni digrii 150, na ya juu ni digrii 60. Pande ni sawa, pembe sizo. Vijiti vitatu peke yake ndivyo vilivyo imara, havina pa kwenda; ndiyo sababu waseremala hujenga paa kwa pembetatu.

Tena mtu aweza kusema, "Basi tuzifanye pembe ziwe sawa, pande zitajifuata zenyewe." Hilo nalo si kweli. Chora umbo la pembe tano lililo kamili, kisha ukate ukanda mwembamba kwa mstari ulio sambamba na upande wake mmoja. Pembe zote zitabaki kama zilivyokuwa, ila pande hazitakuwa sawa tena. Hivyo basi masharti ni mawili, na kila moja lahitaji kuangaliwa peke yake. Watoto wakifahamu jambo hili wamefahamu jambo kubwa, yaani ya kuwa kitu chaweza kutimiza nusu ya sharti, na kwa jicho kikaonekana kimetimiza lote.

Sasa, kila pembe ni digrii ngapi? Hapa hatuna haja ya kupima. Twajua ya kuwa pembe tatu za pembetatu yoyote, zikijumlishwa, ni digrii 180. Simama katika pembe moja ya umbo la pembe tano, uchore mistari miwili kwenda pembe mbili zisizo jirani zako. Umbo limegawanyika pembetatu tatu. Mara tatu 180 ni 540. Ikiwa pembe zote tano ni sawa, gawanya 540 kwa 5, nayo ni 108. Hakuna rula iliyotumika hapa, wala kipimapembe. Aliye na chaki butu na ukuta wenye mashimo atapata 108 ile ile aipatayo mwenye vyombo vya thamani, maana jibu halikutoka katika mchoro, limetoka katika kufikiri.

Mwaka huo huo aliotuuliza yule mzee, jirani yetu mmoja aliye fundi seremala aliagizwa meza ya pembe tano. Fremu ya juu ilitakiwa iwe ya mbao tano za mninga, kila moja urefu wa sentimita 50 kwa upande wa nje na mapana sentimita 10, zikutane pembeni kwa mikato ya hanamu. Fedha za mbao alikuwa amekopa. Alichonga kiolezo kimoja cha ubao, akakitumia kuchora mikato yote kumi, akakata kwa msumeno mwembamba, akaunganisha. Kiungo cha kwanza kilikaa vizuri. Cha pili, cha tatu, na cha nne vilikaa vizuri. Cha tano hakikufunga. Ncha mbili za mwisho zilikuwa mbali kwa karibu sentimita nne.

Fundi alidhani ubao mmoja ni mfupi. Akaupima, akaona ni sawa na wenziwe. Akadhani mbao zimepinda. Akazilaza juu ya sakafu, hazikupinda. Basi akakusudia kununua ubao mwingine mrefu zaidi ili azibe pengo, na mwenye meza alikuwa amekwisha kusema ya kuwa hataongeza hata senti moja. Ndipo alipotuita tukaone, nasi tukaenda na wanafunzi saba wa darasa la juu, pamoja na yule mjukuu wa mzee.

Msichana alimwamkia fundi, kisha akaomba kupima viungo vile vinne vilivyokaa vizuri. Akaweka kipimapembe cha shule juu ya cha kwanza, akasoma 109. Cha pili, 109. Cha tatu na cha nne, vivyo hivyo. Akasema, "Fundi, ubao wa tano hauna kosa. Hivi vinne vizuri ndivyo vyenye kosa."

Fundi hakupendezwa. Digrii moja ni kitu gani? Kwa jicho haionekani. Msichana akaandika chini kwa kijiti. Kiungo kimoja kina mikato miwili, basi kila mkato ulipaswa kuwa nusu ya 108, yaani digrii 54. Kiolezo cha fundi kilikuwa cha digrii 54 na nusu. Kosa ni nusu ya digrii tu, ila limenakiliwa mara kumi. Wahenga walisema haba na haba hujaza kibaba, nao hawakusema ya kuwa kibaba hicho lazima kiwe cha kitu chema. Viungo vinne vilikuwa vimepanuka kwa digrii moja kila kimoja, na upana wote huo ulikuwa umesukumwa mbele, ukakusanyika katika kiungo cha tano.

Sasa dawa yake ni ipi? Si ubao mpya. Katika kila mkato, ncha ya nje iachwe ilivyo, na kwa upande wa ndani randa iondoe kitu chembamba, milimita moja na sehemu ya tatu hivi. Basi. Milimita moja na kidogo, mara kumi, na pengo la karibu sentimita nne likatoweka. Fundi alifanya hivyo jioni ile kwa kiolezo kipya cha digrii 54. Fremu ikafunga, meza ikachukuliwa, na deni la mbao likalipwa.

Wasomaji watapenda kujua mzee alisemaje alipohadithiwa. Alisema, "Fundi mzuri angaliona kwa jicho." Hatukubishana naye. Lakini sisi twajua, na fundi ajua, ya kuwa jicho ndilo lililompeleka kwenye kiungo cha tano, mahali ambapo kosa lilionekana, na siyo kwenye vile vinne, mahali lilipozaliwa. Kipimo peke yake nacho kisingaliweza kumtoa, maana 109 ni namba kama namba nyingine mpaka mtu ajue kwa yakini ya kuwa ilipasa kuwa 108. Mtoto alijua kwa kuwa alikuwa amejithibitishia mwenyewe. Kama angalikuwa ameikariri tu 108 kwa kuwa mwalimu aliisema, fundi mwenye umri wa baba yake angalimwambia, "Mwalimu wako amekosea," naye hangalikuwa na la kujibu.

Mtu asidhani ya kuwa twawadharau mafundi. Mmoja wa mafundi wakuu wa kuchora waliopata kuwako Ulaya, Albrecht Dürer wa Nürnberg katika Ujerumani, alitoa kitabu mwaka 1525 cha kuwafundisha mafundi kupima kwa bikari na rula. Humo aliwapa njia nyepesi sana ya kuchora umbo la pembe tano bila kubadili upana wa bikari hata mara moja. Twaieleza kwa ufupi. Chora upande wa chini. Katika kila ncha yake chora duara ambalo nusu kipenyo chake ni sawa na upande huo. Maduara hayo mawili hukatana mahali pawili, juu na chini. Pigilia bikari pale chini, uchore duara la tatu kwa upana ule ule. Duara hilo la tatu hukata mstari wa katikati uliosimama, tena hukata yale mawili ya kwanza upande wa kushoto na upande wa kulia. Kutoka kila alama ya pembeni piga mstari upitao katika alama ya katikati, uendelee mpaka ukutane na duara la upande wa pili. Hapo ndipo penye pembe za mabegani. Ya juu hupatikana kwa bikari ile ile.

Njia hii ni nzuri, na pande zake tano ni sawa kabisa. Walakini pembe zake sizo. Mbili za chini ni digrii 108 na zaidi ya theluthi moja. Mbili za mabegani ni 107 na kidogo. Na ya juu ni 109 na kidogo. Zijumlishe zote utapata 540, maana hiyo haiwezi kukosa kwa umbo lolote la pembe tano. Lakini si 108 tano.

Je, Dürer alikuwa hajui? Katika kitabu kile kile aliandika pia njia iliyo kamili, aliyoipokea kutoka kwa watu wa kale. Basi mbele ya fundi palikuwa na njia mbili, moja kamili na moja ya karibu iliyo nyepesi. Kwa pambo la dirisha dogo, njia ya karibu yatosha. Kwa fremu ya mninga yenye mikato kumi, haitoshi. Hapana aibu kutumia kilicho karibu, maadamu mtu ajua ya kuwa ni karibu, tena ajua umbali wake na ukamilifu. Hatari ni kukiita karibu kwa jina la kamili. Wangapi wamejenga kuta, wamegawa mashamba, na hata wameamua mashauri kwa njia hiyo, pengo likaja kuonekana kwenye kiungo cha mwisho, mikononi mwa mtu asiyehusika na kosa?

Njia ile kamili ni ya zamani sana, nayo iliandikwa katika bara letu hili la Afrika, katika mji wa Aleksandria wa Misri. Huko, yapata miaka 300 kabla ya Kristo, Euclid alikusanya elimu ya maumbo katika vitabu 13, na katika kitabu cha nne akaonyesha jinsi ya kuchora umbo kamili la pembe tano ndani ya duara. Baadaye, katika karne ya pili baada ya Kristo, Ptolemy, mtaalamu wa nyota wa mji ule ule, alitoa njia fupi zaidi. Njia hii yaweza kufanywa uani kwa kamba na vigingi, nasi tumeifanya na watoto mara nyingi.

Pigilia kigingi, uchore duara la kamba ya mita moja. Pitisha mstari mmoja katikati kutoka ukingo hata ukingo, kisha kutoka kigingini simamisha mstari wa pili mraba juu ya ule wa kwanza, mpaka ufike ukingoni. Mahali hapo tupaite kilele. Rudi kwenye mstari wa kwanza. Kwa upande wa kulia, weka alama nusu ya njia kati ya kigingi na ukingo, yaani sentimita 50. Kutoka alama hiyo nyosha kamba mpaka kilele, kisha uizungushe kushuka upande wa kushoto mpaka iguse mstari wa kwanza. Weka alama ya pili. Umbali kutoka alama hiyo ya pili mpaka kilele ndio upande wa umbo lako. Ukipima utaona ni sentimita 117 na nusu, na nywele moja zaidi. Zunguka duara kwa kipimo hicho mara tano, nawe utarudi pale pale ulipoanzia. Watoto hupiga kelele za furaha kigingi cha tano kinapoingia katika tundu la kwanza, nasi hatuwanyamazishi.

Katika umbo hili kuna uzuri mwingine usioonekana mara ya kwanza. Lipe majina pembe zake kwa kuzunguka: A, B, C, D, E. Unganisha kila pembe na zile mbili zisizo jirani zake, nawe utapata nyota ya ncha tano, na katikati ya nyota umbo jingine dogo la pembe tano, lililopinduliwa kichwa chini. Ndani ya hilo waweza kuchora nyota nyingine, na ndani yake umbo jingine, bila mwisho ila mwisho wa ncha ya kalamu yako. Kila pembe ya digrii 108 imekatwa na mistari ya nyota kuwa sehemu tatu zilizo sawa, digrii 36 kila moja.

Sasa tazama mahali mstari AC ukatanapo na mstari BD, upaite P. Katika pembetatu ABP, pembe ya A ni 36, na ya B ni mara mbili 36, yaani 72. Basi iliyobaki ni 72 pia, na kwa hiyo AP ni sawa na AB, upande wa umbo. Kipande kilichobaki, PC, ni urefu wa mstari wote wa nyota ukiondoa upande mmoja. Tena pembetatu PBC ina 36 mbili, nayo ni sura ya pembetatu ABC iliyopunguzwa. Kwa hiyo jinsi mstari wa nyota ulivyo kwa upande, ndivyo upande ulivyo kwa kile kipande kilichobaki. Ikiwa upande ni sentimita 10, mstari wa nyota ni 16.18 na kipande ni 6.18, zidisha hizo mbili utapata karibu 100, ambayo ni 10 mara 10.

Twasema karibu, na safari hii neno hilo lina maana kubwa. Urefu kamili wa mstari ule, upande ukiwa 1, ni nusu ya jumla ya 1 na kipeuo cha pili cha 5, yaani ile namba ambayo ikizidishwa kwa yenyewe huwa 5. Namba hiyo haiandikiki kwa sehemu yoyote ya namba nzima, hata ukiandika mpaka karatasi zote za nchi ziishe. Huwezi kuimaliza kwa tarakimu, lakini kwa kamba na vigingi vitano umeiweka uani, nzima, na kuku wanapita juu yake. Wanafunzi wetu hunyamaza tunapofika hapa, na sisi pia hunyamaza.

Tumalize kwa swali la sakafu. Mtu atakaye kutandaza vigae vya mraba hapati taabu, maana pembe nne za 90 hujaza 360, yaani mzunguko mzima. Vya pembe sita hukutana vitatu vitatu, 120 mara tatu, kama nyuki wafanyavyo. Lakini vya pembe tano zilizo sawa havikubali kamwe. Vitatu vikikutana hufanya 324, na digrii 36 zabaki wazi; vinne ni 432, navyo hupandana. Mpira wa miguu ulio maarufu tangu mashindano ya dunia ya mwaka 1970 hutumia hila ya pengo: vipande 12 vyeusi vya pembe tano na vipande 20 vyeupe vya pembe sita. Kimoja cheusi na viwili vyeupe vikikutana hufanya 348, pungufu ya 360 kwa digrii 12. Ukilifunga pengo hilo kwa uzi, ngozi hailali tena. Hujikunja, na ndivyo mpira unavyoviringana.

Kama tukiacha sharti la usawa, vipo vigae vya pembe tano vijazavyo sakafu. Karl Reinhardt wa Ujerumani alionyesha aina tano mwaka 1918. Mwaka 1968 Richard Kershner wa Marekani aliongeza tatu, zikawa nane, akasema ya kuwa sasa zimekwisha. Mwaka 1975 jarida moja la sayansi la huko lilitoa habari hiyo, na msomaji mmoja akapata aina ya tisa. Katika mji wa San Diego, Kalifonia, Marjorie Rice, mama wa watoto watano, alilisoma jarida hilo lililokuwa likiletwa kwa mwanawe. Hesabu alikuwa amesoma mwaka mmoja tu katika shule ya sekondari. Akaanza kuchora jikoni wakati hapana mtu, na mtu akija aliifunika michoro yake upesi ili asiulizwe. Alijitungia alama zake mwenyewe, kwa kuwa za wataalamu hakufundishwa. Hata kufikia mwisho wa mwaka 1977 alikuwa amepata aina nne mpya, na wataalamu wakazikagua, wakakiri ya kuwa ni za kweli. Nyingine moja ilipatikana mwaka 1985, na ya 15 mwaka 2015, mwaka ambao kazi hiyo ilifanywa kwa msaada wa kompyuta. Mwaka 2017 Michaël Rao wa Ufaransa alitoa uthibitisho, kwa kompyuta pia, ya kuwa miongoni mwa maumbo yasiyo na pembe iingiayo ndani hakuna ya 16. Mama Rice alifariki mwaka huo huo.

Twapenda kuwasimulia wasichana wetu habari za mama huyu, si ili waache maji na kuni, maana yeye naye alipika na kulea, bali wajue ya kuwa akili haingoji ruhusa ya cheo. Aliyesema zimekwisha alikuwa mtaalamu. Aliyeuliza "Je, ni kweli?" alikuwa mwanamke mbele ya meza ya jikoni, naye alikuwa na haki ya kuuliza, maana katika elimu hii anayesikilizwa ni yule awezaye kuonyesha.

Basi, wazazi, mtoto akirudi nyumbani na kuuliza "kwa nini," msimkemee upesi. Mkitaka kumjaribu, chukueni chane ya ukindu, au ukanda wa karatasi wenye upana mmoja kuanzia mwanzo hata mwisho. Mwambieni afunge fundo moja la kawaida, alikaze polepole pasipo kukunja kingo, kisha alilaze kwa kidole gumba. Fundo hilo litakuwa umbo la pembe tano zilizo sawa. Akiliinua mbele ya taa ataona mistari ya nyota ndani yake. Kisha mwulizeni kila pembe ni digrii ngapi, na akijibu 108, mwulizeni amejuaje.